Wahusika wangu watano wamekuwa vinyago. Niwafute?

"Naandika skripti yangu ya kwanza ya filamu ya kutisha. Bajeti ni ndogo mno: nyumba moja, waigizaji saba, siku 12 za kupiga picha. Nimetazama filamu nyingi za zamani za Marekani, zile za damu na visu, nikafuata kanuni yao. Nina msichana mtulivu asiyemjua mwanamume, msichana mrembo apendaye wanaume, kijana mwanamichezo, msomi wa miwani, na mcheshi mvuta bangi. Yupo mzee wa kituo cha mafuta anayewaonya wasiende, na muuaji mwenye kinyago aliyetoroka hospitali ya vichaa. Rafiki mmoja aliisoma akasema amewaona watu hawa mara mia. Mwingine akasema bila hao watano haiwi filamu ya kutisha. Aliyeniumiza ni dada yangu: alisema skripti inawachukia wanawake, kwa sababu anayelala na mpenzi wake ndiye anayekufa kwanza. Sikukusudia hivyo. Je, aina hizi za wahusika ni sheria? Nikizivunja nitapoteza watazamaji?"

Ndugu msomaji, barua yako nimeisoma mara mbili. Ndani yake yamo maswali matatu yaliyofungwa kwa kamba moja: kama aina hizi ni sheria, kwa nini za kwako zimetoka hazina uhai, na kama umeandika chuki bila kujua. La mwisho ndilo zito, na nadhani ndilo lililokufanya uniandikie. Nitalifikia. Lakini siwezi kulijibu kabla hatujajua watu hawa wametoka wapi, maana tatizo lako limeanzia huko.

Orodha uliyoifuata si ya zamani kama unavyodhani. Mwanamwali, mwasherati, mwanamichezo, msomi na mpumbavu, wakiwa wamepangwa hivyo watano kwa vyeo vyao, wanatoka kwenye The Cabin in the Woods, filamu ya mwaka 2012 iliyotengenezwa makusudi kuwafumua na kuwatania wahusika wa filamu za kutisha. Kabla yake, mwaka 1996, Scream ilikuwa na kijana mpenda filamu anayewasomea wenzake masharti ya kubaki hai. Waliozitengeneza waliyajua vizuri mazoea ya miaka mingi, wakayakusanya na kuyafanya kanuni ili wayachezee. Wewe umechukua muhtasari wao wa mzaha ukaufanya ramani ya safari.

Zirudie zile za zamani zenyewe. Night of the Living Dead ya George Romero, ya mwaka 1968, ina watu saba ndani ya nyumba, idadi ile ile uliyonayo wewe. Ni nani hao? Mwanamume mwenye akili tulivu na mikono ya kazi, mwanamke aliyepigwa na bumbuwazi, wachumba wawili, baba mbishi anayeng'ang'ania kujificha chini ya nyumba, mke wake aliyemchoka, na binti yao mgonjwa. Mwanamwali wako hayumo, wala mwanamichezo. The Texas Chain Saw Massacre ya mwaka 1974 ina vijana watano garini, lakini mmoja wao ni Franklin, kijana wa kiti cha magurudumu, mlalamishi na msumbufu kama binadamu yeyote aliyechoka na joto la safari. Hakuna orodha inayomjua Franklin. Ndiyo sababu ukishaitazama humsahau.

Basi kama hakukuwa na sheria, mbona zinafanana? Jibu ni pesa, na hapa naomba tukae kidogo kwa sababu ndipo ufunguo wako ulipo.

Filamu hizi, zinazojulikana kwa jina la filamu za eksploitesheni, zilitengenezwa kwa fedha kidogo na kuuzwa kwa jambo moja la kushtua ambalo studio kubwa hazikuthubutu kuligusa: damu, uchi, mwiko wowote wa wakati huo. Blood Feast ya Herschell Gordon Lewis, mwaka 1963, iligharimu takriban dola 24,500. Ile ya Romero ilitumia kama 114,000. Halloween ya John Carpenter, mwaka 1978, ambayo watu huiona kama kubwa, haikuvuka sana 300,000. Kwa fedha hizo hupati nyota wa kukaa nawe mwezi mzima, wala hupati muda wa kumjenga mhusika taratibu kwa matukio kumi ya maisha yake.

Fikiria pia mtazamaji alikuwa wapi. Wengi walizitazama wakiwa ndani ya magari kwenye sinema za uwanjani, watoto wakilia kiti cha nyuma na wapenzi wakiwa na shughuli zao. Wengine walizitazama kwenye kumbi za mjini zilizoonyesha filamu moja baada ya nyingine tangu mchana hadi usiku wa manane, mtu akiingia katikati na kutoka atakapo. Mtazamaji wa namna hiyo humpi historia ndefu. Mhusika akitokea lazima ajulikane papo hapo, kwa nguo, kwa mwendo, kwa sentensi yake ya kwanza. Ni kama Fisi wa ngano zetu: akishaingia kwenye hadithi, hakuna mtoto anayehitaji kuambiwa kwamba ni mlafi. Msimulizi ameokoa muda, na muda huo anautumia kwenye mkasa.

Shuleni tuliwaita wahusika bapa, na tulifundishwa kana kwamba ubapa ni kasoro. Mimi siamini hivyo. Bapa ni chombo. Kisu nacho ni bapa, na kinakata.

Sasa tazama kila aina kama kibarua aliyeajiriwa kwa kazi moja. Mzee wako wa kituo cha mafuta, kwa mfano, ana kazi ya kusimulia historia ya mahali ambayo huna pesa za kuionyesha. Mwigizaji mmoja, siku moja, kona moja ya barabara, na mtazamaji ameshajua kwamba huko mbele watu walikufa. Katika Friday the 13th ya mwaka 1980 kazi hiyo anaifanya mzee Ralph na baiskeli yake. Anaonekana dakika chache tu, lakini hofu aliyoipanda inaendelea kuota hata akiwa hayupo.

Kinyago nacho ni hesabu ya fedha kabla hakijawa falsafa. Kile cha Halloween kilikuwa kinyago cha dukani cha nahodha Kirk wa tamthilia ya televisheni ya Star Trek, kilichonunuliwa kwa chini ya dola mbili, kikapakwa rangi nyeupe na kupanuliwa matundu ya macho. Muuaji aliyefunikwa uso hana maneno ya kukariri, na anaweza kuvaliwa na yeyote aliye huru siku hiyo: Nick Castle ndiye aliyemwigiza sehemu kubwa, lakini zipo picha ambazo mwilini mwake kuna mtu mwingine. Kisha, kwa kuwa uso haupo, mtazamaji anauchora wake mwenyewe, na hakuna mchoraji wa maumbo ya kutisha anayemshinda. Umaskini ukazaa uzuri ambao hakuna aliyeupanga.

Nenda kwa yule daktari wa Halloween anayepiga kelele na hakuna anayemsikiliza. Donald Pleasence, aliyemwigiza, alikuwa jina linalojulikana, na Carpenter aliweza kumlipa kwa siku tano tu. Unamfanyia nini mtu uliye naye siku tano? Unampa nafasi ya kuzunguka pembezoni mwa hadithi akionya, ili jina lake likae kwenye bango bila yeye kukaa kambini. Na Betsy Palmer, uso uliojulikana kwenye televisheni, katika Friday the 13th anatokea mwishoni kabisa. Mwenyewe alisema hadharani kwamba aliikubali kazi ile kwa sababu alihitaji gari jipya. Hata hivyo, mama yule anayeua kwa uchungu wa mwanawe ndiye mtu mwenye sababu nzito kuliko wote kwenye filamu nzima.

Kwa hiyo swali la kumuuliza kila mmoja wa watu wako ni hili: unafanya kazi gani ambayo pesa zangu haziwezi? Mcheshi anampa mtazamaji nafasi ya kupumua kati ya hofu mbili. Ukimuua mapema, pumzi hiyo imeisha, kwa hiyo fikiri vizuri afe lini. Mwanamichezo anatufanya tuamini kuna wa kupigana, na anapoanguka tumaini hilo linaanguka naye. Msomi anaeleza, na kama mzee wa kituo cha mafuta ameshaeleza, basi umeajiri watu wawili kwa kazi moja. Kwa bajeti yako huo ni ubadhirifu. Nafikiri mmoja wao aondoke.

Kisha anabaki yule msichana mrembo. Ukimuuliza swali hilo hilo, jibu la kweli ni kwamba katika nyingi ya filamu zile kazi yake ilikuwa kuvua nguo, kwa sababu bango liliahidi hivyo. Na hapa tumefika kwa dada yako.

Dada yako amegusa ukweli. Mwaka 1968 Marekani iliachana na kanuni za zamani za udhibiti na kuanza mfumo wa madaraja ya umri, na watengenezaji wa filamu hizi wakauza miili ya wanawake waziwazi kuliko awali. Mwaka 1980 wahakiki Gene Siskel na Roger Ebert walitenga kipindi kizima cha televisheni kulalamikia filamu za wanawake wanaowindwa, na hawakuwa wameota. Mhakiki Carol Clover, katika makala yake ya mwaka 1987 iliyokuja kuwa sehemu ya kitabu mwaka 1992, alibainisha jambo ambalo nakuomba ulipime kwenye skripti yako: wanaume katika filamu hizi hufa haraka, pengine kwa mbali au gizani, ilhali kifo cha mwanamke hupigwa picha kwa karibu na kwa muda mrefu zaidi. Chukua kalamu uhesabu. Kifo cha mwanamichezo wako kina mistari mingapi? Cha msichana mrembo je? Kama cha kijana ni mistari minne na cha msichana ni ukurasa mzima wa kilio, basi dada yako hakukuonea. Amesoma kilichoandikwa.

Lakini kanuni ya kwamba mwanamwali huokoka na anayelala na mwanamume hufa, ukiikagua kwenye filamu zenyewe, ni dhaifu kuliko sifa yake. Jess wa Black Christmas, filamu ya Kanada ya mwaka 1974, ana mimba na ameshaamua kuitoa dhidi ya matakwa ya mpenzi wake, na ndiye anayebaki hai wenzake wakiisha. Alice, anayeokoka katika Friday the 13th, anacheza na wenzake mchezo wa ubao ambao malipo yake ni kuvua nguo. Ginny, anayeokoka katika sehemu ya pili ya mwaka 1981, ana mpenzi na hafichi. Laurie wa Halloween, anayetajwa kila mara kama kielelezo cha usafi, anavuta bangi garini na rafiki yake na anamtamani kijana wa shuleni. Carpenter mwenyewe ameeleza kwamba wenzake walikufa kwa kuwa walishughulika na mambo yao wasiangalie. Laurie, kwa upweke wake, alikuwa na macho.

Macho ndiyo siri ya yule anayebaki hai mwishoni, ambaye Clover alimpa jina la Msichana wa Mwisho. Anaona gari lililosimama pasipo sababu, anasikia mlango, anauliza mwenzake amekwenda wapi. Clover alistaajabu kwamba vijana wa kiume walioijaza sinema, waliokuwa wakitazama kwa macho ya muuaji mwanzoni, mwishoni walikuwa wakimshangilia msichana huyu. Mtazamaji humfuata anayeona. Ukilielewa hilo, usafi wa msichana wako mtulivu hautakuwa na kazi tena, na mimi ningeufuta wote. Mpe tabia ya kuona. Labda ni mtu aliyelelewa nyumbani kulikokuwa na ugomvi, akajifunza kusikiliza nyayo kabla hajasikia maneno. Sasa ana sababu ya kuokoka inayotoka ndani yake, na yule mwenzake anayempenda mpenzi wake hana haja ya kuadhibiwa ili huyu aonekane mwema. Fanya wawe marafiki wa kweli. Kifo cha rafiki kinauma, kile cha mpinzani wa maadili hakimtoi mtu machozi.

Hukuniuliza kuhusu muuaji wako, lakini nitasema. Kutoroka hospitali ya magonjwa ya akili ndiyo njia rahisi kuliko zote ya kuepuka kumpa mtu sababu, na inawabebesha mzigo wagonjwa halisi, ambao kwa kweli hudhuriwa na wengine mara nyingi zaidi kuliko wao wanavyodhuru. Filamu hizi zimejaa kosa hilo, hata zilizo bora, Halloween ikiwemo. Tazama badala yake ile familia ya wauaji katika The Texas Chain Saw Massacre. Kijana wao mmoja, anayepewa lifti, anaeleza jinsi machinjio yalivyobadilisha nyundo kwa mashine, na watu wakakosa kazi. Sentensi chache tu, garini, bila gharama yoyote, na ghafla wauaji hawa ni wachinjaji waliobaki na ujuzi usio na soko. Sitasema picha ile ni ya haki. Maskini wa mashambani wamechorwa kama wanyama, na hilo nalo ni dhuluma iliyoigwa sana baadaye. Hata hivyo, sababu yao inaeleweka, na woga unaotokana na sababu inayoeleweka haukuachi upesi.

Njia zilizo mbele yako naziona hivi. Unaweza kuwaacha wote walivyo ukategemea waigizaji wazuri. Si njia ya aibu. Mwigizaji mwenye kipaji anaweza kumpa mcheshi wa karatasi macho ya mtu mwenye huzuni, lakini utakuwa umemwachia yeye kazi yako, na ndani ya siku 12 hatapata muda wa kuifanya.

Unaweza kuwapindua: mwanamichezo awe mwoga, msomi awe muuaji. Waandishi wapya wengi hukimbilia hapa, na miswada ya namna hiyo nimeisoma mingi. Kupindua kunafurahisha mara moja tu, mtazamaji anapogundua. Baada ya hapo kinyago kilichogeuzwa ni kinyago vilevile.

Ninayoipendekeza ni kuacha kazi ibaki, mtu abadilike. Tazama tena Romero. Ben, yule mwanamume mwenye akili tulivu, aliandikwa kwanza kama dereva wa lori mwenye lugha ya ukali. Hakuandikwa kuwa mtu Mweusi. Duane Jones alifanya usaili mzuri kuliko wengine, akapewa nafasi, na akayarekebisha maneno mwenyewe hadi Ben akawa mtu msomi na mwenye staha. Kazi ya mhusika katika hadithi haikubadilika hata chembe: ni yule anayepigilia mbao madirishani na kubishana na mwoga wa chini ya nyumba. Lakini asubuhi, anapopigwa risasi na kundi la wazungu wenye bunduki waliodhani ni maiti inayotembea, Marekani ya 1968 iliona kitu ambacho skripti peke yake haikuwa imekisema. Watu husema mhusika Mweusi ndiye hufa wa kwanza katika filamu za kutisha. Huyu alikufa wa mwisho kabisa, na kifo chake kinauma kuliko vyote vilivyomtangulia.

Kwa hiyo kaa na msichana mrembo. Kazi mpya mpe wewe: labda yeye ndiye anayejua nyumba, labda yeye ndiye aliyewaleta na ana deni nao. Mzee wa kituo cha mafuta mpe anachotaka yeye mwenyewe, hata kiwe kidogo, kama kutaka wanunue mafuta waondoke haraka kabla mkewe hajawaona. Onyo lake litapenya humo humo kwenye maneno ya kawaida.

Kuna mambo ambayo mimi na wewe hatuwezi kuyamaliza kwa barua. Rasimu ya pili ikikamilika, wakusanye waigizaji au marafiki wanaojua kusoma kwa sauti, ufute majina ya wasemaji kwenye nakala moja, kisha uone kama unaweza kutambua nani anasema nini. Usipoweza, bado ni vinyago. Kama utabaki na mhusika mgonjwa wa akili au mwenye ulemavu, tafuta mtu anayeishi hali hiyo ukae naye ana kwa ana, umsikilize kabla hujapiga picha.

Na hili si la hiari: tukio lolote lenye kisu, moto, kukabana koo au kuanguka linahitaji mtu mwenye ujuzi wa michezo ya hatari awepo pale, na tukio la uchi au kitandani linahitaji mtu ambaye kazi yake ni kuwalinda waigizaji, pamoja na ridhaa iliyoandikwa kabla ya siku yenyewe. Watu huzisimulia kwa fahari taabu za kutengeneza The Texas Chain Saw Massacre: joto kali, nyama inayooza mezani, tukio la chakula lililopigwa kwa zaidi ya saa 24 mfululizo, na mwigizaji Marilyn Burns kuchanjwa kidole kwa kisu halisi kwa kuwa mrija wa damu ya bandia haukufanya kazi. Filamu ile ni kubwa. Kidole kile hakikuwa na haja ya kuchanjwa. Ukiona huwezi kumlipa mtu huyo, andika kifo kitokee nyuma ya mlango na utuachie sauti.

Ukimaliza, rasimu ya pili mpe dada yako aisome kwanza, kabla ya wale rafiki zako wawili. Mwambie akuwekee alama pembeni kila mahali alipotaka msichana yule aendelee kuishi.